Maswali ya Wasomaji: Programu Zimekuwa Kama Umeme wa Luku

Barua nyingi zilizotufikia safari hii zinauliza jambo moja kwa sura mbalimbali: ilikuwaje programu ya kompyuta, iliyokuwa ikinunuliwa mara moja ikiwa ndani ya boksi, ikageuka huduma inayolipiwa kila mwezi au kila mwaka na inayotegemea intaneti? Tumechagua barua sita, na tumezifupisha pale ilipobidi.

SWALI: Ndugu Mhariri, nina duka la steshenari. Mwaka 2012 mdogo wangu aliniletea diski ya programu ya kuandikia, akaiingiza kwenye kompyuta, nikafanya nayo kazi zaidi ya miaka kumi bila kudaiwa hata senti. Juzi nilinunua kompyuta mpya. Miezi michache baadaye ukatokea utepe juu ya ukurasa kwamba muda wangu umekwisha; nyaraka zinafunguka na kusomeka, lakini haziandikiki. Mteja amesimama mbele yangu na flashi yake, anataka kurekebisha herufi moja tu ya jina lake kwenye barua ya kuomba kazi. Kwa nini hawa watu wameacha kuuza kitu kikawa changu? (Mama mwenye duka, Morogoro)

JIBU: Pole, mama, kwa kuaibika mbele ya mteja. Hukutaja programu hiyo ni ya kampuni gani, na si lazima uitaje, kwa kuwa karibu kampuni zote kubwa zimeshika njia hiyo hiyo. Adobe, kwa mfano, ilitangaza mwaka 2013 kwamba matoleo mapya ya programu zake za picha na usanifu yatapatikana kwa kulipia usajili tu. Mimi nitatumia mfano wa Microsoft, kwa sababu safari yake imeandikwa vizuri na viongozi wake wenyewe.

Zamani programu ilisafiri kama mzigo. Modemu ya simu ya mezani, ikiwa katika hali yake bora kabisa, ilipitisha kilobiti 56 kwa sekunde. Diski moja yenye megabaiti 600 ingechukua karibu saa 24 kupakuliwa kwa njia hiyo, tena kwa sharti kwamba laini isikatike hata mara moja na mtu wa nyumbani asinyanyue simu kumsalimia shangazi. Laini ya megabiti moja na nusu, ambayo mwanzoni mwa miaka ya 2000 ilikuwa inaenea katika nyumba za Marekani, ilimaliza kazi hiyo kwa chini ya saa moja. Siku nzima ilipopungua ikawa saa moja, biashara yenyewe ilibadilika: hapakuwa tena na haja ya boksi, wala ya duka la kuuzia boksi, wala ya kusubiri miaka mingi ili makosa yote yasahihishwe kwa mkupuo. Windows XP, mfumo wa Microsoft wa kuendeshea kompyuta, ilitoka Oktoba 2001, na aliyeifuata, Vista, hakuwafikia wanunuzi wa kawaida hadi Januari 2007. Katika muda huo huo, kampuni iliyokuwa ikiendesha programu zake kwenye seva zake yenyewe (kompyuta zinazohudumia wengine kupitia mtandao) iliweza kubadilisha kitu usiku, mteja akaamka asubuhi akakikuta.

Jambo la pili ni la mita. Programu inayoweza kuzungumza na kampuni yake kila siku inaweza pia kuulizwa kama mteja amelipa, kama mita ya Luku inavyojua uniti zimebaki ngapi. Diski yako ya mwaka 2012 haikuwa na uwezo huo wa kufuatiliwa daima, na ndiyo maana nakala zilizochakachuliwa zilienea kila mtaa. Na hata kama nakala yako ilikuwa halali, hebu itazame kwa jicho la muuzaji: ulilipa mara moja, ukakaa nayo miaka kumi, naye hakupata kitu kingine. Ulikuwa umefanya biashara nzuri kwa upande wako.

SWALI: Shikamoo Mhariri. Mimi ni mwanafunzi wa kompyuta. Mwalimu mmoja anatufundisha kwamba Microsoft ililala usingizi hadi intaneti ikampita. Mwingine anasema Bill Gates aliiona intaneti mapema kuliko wengi. Nani mkweli? (Mwanafunzi, Dodoma)

JIBU: Marahaba. Walimu wako wote wawili wanasema kweli, na hapo ndipo hadithi inaponoga.

Tarehe 26 Mei 1995 Gates aliwaandikia viongozi wenzake waraka uliofananisha intaneti na wimbi kubwa la bahari, akaipa nafasi ya kwanza katika mipango ya kampuni. Kwa hiyo haiwezekani kusema hakuona. Mwaka 2000 kampuni ilitangaza mpango wa .NET, uliolenga kuzifanya programu zizungumze zenyewe kwa zenyewe kupitia mtandao, na Machi 2001 ikaongeza mradi ulioitwa HailStorm, ambao ungehifadhi kalenda, anwani na taarifa nyingine za mtu binafsi kwenye seva za kampuni ili azipate popote alipo. Ukiusoma mpango huo leo utadhani ni wa juzi. Lakini kampuni nyingine hazikuwa tayari kumwachia mshindani wao funguo za wateja wao, na mwaka 2002 mradi ukawekwa kabatini.

Waraka unaostahili kusomwa kwa makini zaidi, kwa maoni yangu, ni ule wa tarehe 28 Oktoba 2005. Aliyeuandika ni Ray Ozzie, aliyebuni Lotus Notes, programu ya barua pepe na ya kushirikiana kazi ofisini, na baadaye kuanzisha kampuni ya Groove Networks, ambayo Microsoft iliinunua mwaka huo huo wa 2005 na kumpata yeye kama fundi mkuu. Siku mbili baadaye Gates aliusambaza kwa viongozi pamoja na barua yake mwenyewe, akiwaonya kwamba wimbi jipya, la huduma, lilikuwa linakuja na lingevuruga mambo. Ozzie alikumbusha kwamba kila baada ya miaka mitano hivi kampuni ilikuwa imelazimika kugeuka, mwaka 1990, 1995 na 2000, na kwamba zamu nyingine ilikuwa imefika, kwa sababu intaneti ya kasi ilikuwa imeenea na matangazo ya biashara yalikuwa yameanza kulipia huduma ambazo watu walizipata bure.

Alitaja mambo matatu. Kwanza, nguvu ya matangazo kama njia ya kugharimia programu. Pili, namna mpya ya bidhaa kumfikia mtu: anaisikia kwa rafiki, anaijaribu, anaizoea, ndipo anailipia, kama vile muuza maembe anavyokukatia kipande uonje kabla hujatoa pesa. Tatu, kwamba mtumiaji amechoka kuhangaika na mitambo na anataka vitu vinavyofanya kazi bila kumuuliza maswali, iwe kwenye kompyuta, simu au runinga. Aliandika pia, kwa ukali usio wa kawaida katika nyaraka za ofisini, kwamba ugumu wa mifumo ya kampuni yenyewe ulikuwa unawamaliza nguvu mafundi wake. Wala hakuficha kwamba Google walikuwa wametangulia katika utafutaji wa mtandaoni, ingawa Microsoft walijua mapema kwamba utafutaji ungekuwa na maana.

Ili uelewe hofu hiyo, linganisha masanduku mawili ya barua pepe. Gmail ilipofunguliwa tarehe 1 Aprili 2004 iliahidi gigabaiti moja ya nafasi, bure. Watu wengi walidhani ni mzaha wa siku hiyo. Hotmail, iliyokuwa mali ya Microsoft tangu mwisho wa 1997, ilikuwa inatoa megabaiti mbili. Picha moja tu iliyopigwa kwa simu ya leo inaweza isitoshe ndani ya megabaiti mbili.

Kwa nini basi walioona mapema walichelewa? Tazama hesabu. Katika mwaka wa fedha wa 2005 Microsoft iliingiza karibu dola bilioni 40, sehemu kubwa kutoka Windows na Office, yaani programu zake za kuandikia na za mahesabu. Google, kwa mwaka wa 2005, iliingiza kidogo zaidi ya bilioni 6, karibu zote za matangazo. Hakuna anayekata mnazi unaozaa ili apande mwembe ambao hajaonja embe lake. Kila huduma mpya iliyopendekezwa ndani ya kampuni ilikutana na mkuu wa idara aliyekuwa na boksi la kuuza mwaka huo.

SWALI: Mhariri, umesema matangazo yaliwekwa mbele. Mbona basi mimi nalipa usajili kila mwezi na sioni tangazo hata moja ndani ya nyaraka zangu? (Mfanyabiashara, Nairobi)

JIBU: Swali hili limegusa mahali ambapo mpango ulikwenda kombo, na tunakushukuru.

Kati ya mambo matatu ya Ozzie, la kwanza ndilo lililotumbukiziwa fedha nyingi zaidi na kuzaa kidogo zaidi. Mwaka 2007 Microsoft ilinunua kampuni ya matangazo iitwayo aQuantive kwa zaidi ya dola bilioni 6. Mwaka 2012 ikakiri katika vitabu vyake kwamba karibu thamani yote hiyo imepotea. Februari 2008 ilitaka kuinunua Yahoo kwa karibu dola bilioni 45, ikakataliwa, na miezi mitatu baadaye ikajitoa. Mwanafunzi wa Dodoma anaweza kuandika insha nzima kuhusu miaka hiyo mitano.

Kilichoilisha kampuni ni ada. Ajabu ni kwamba somo hilo lilikuwa tayari ndani ya nyumba, lakini katika chumba cha watoto. Novemba 2002 Microsoft ilifungua Xbox Live, huduma ya kuchezea michezo na watu walio mbali, ikakataa kabisa modemu za simu ya mezani: huna intaneti ya kasi, huingii. Ada ilikuwa dola 50 hivi kwa mwaka. Wachezaji walilipa, na mwaka uliofuata wakalipa tena. Ilichukua hadi Juni 2011, Office 365, yaani Office ya kulipia usajili, ilipozinduliwa, ndipo wahasibu na makatibu muhtasi wakapewa utaratibu ambao vijana wa michezo walikuwa wameuzoea kwa karibu miaka tisa.

Na kuna mlango mwingine ambao haukuwa miongoni mwa yale matatu, nao ni kukodisha seva kwa kampuni nyingine. Machi 2006, miezi mitano tu baada ya waraka, Amazon ilianza kukodisha nafasi ya kuhifadhi data, na Agosti ikaanza kukodisha kompyuta zenyewe. Amazon iko Seattle. Microsoft iko Redmond, ng'ambo ya ziwa. Jibu la Microsoft, lililoitwa Windows Azure, lilitangazwa Oktoba 2008 chini ya Ozzie huyo huyo, na wateja wakaanza kutozwa Februari 2010. Yeye alitangaza kuondoka Oktoba mwaka huo. Aliyevuna alichopanda Ozzie ni Satya Nadella, aliyekuwa akiongoza upande wa seva na wingu (huduma za seva za mbali zinazopatikana kupitia intaneti) kabla ya kukabidhiwa kampuni nzima Februari 2014. Mwezi uliofuata akatoa Office kwa ajili ya iPad, kifaa cha mshindani, jambo ambalo miaka ya nyuma lingeonekana kama usaliti.

SWALI: Nina anwani ya Hotmail tangu nilipohamia huku mwaka 1999. Mara nikaambiwa ni Windows Live, mara Outlook, na ile Messenger tuliyokuwa tukiwasiliana na ndugu wa Unguja ikatoweka. Kulikoni? (Msomaji, Muscat)

JIBU: Mzee wetu, hilo ni zao la mpango ule ule. Tarehe 1 Novemba 2005, siku chache tu baada ya waraka, kampuni ilitangaza mjini San Francisco majina mawili mapya, Windows Live na Office Live, kisha ikajaribu kutundika karibu kila huduma chini yake. Hotmail ikawa Windows Live Hotmail, na kufikia mwaka 2013 ikahamishiwa Outlook.com. Messenger ilifungwa mwaka huo wa 2013 katika sehemu nyingi za dunia, watumiaji wakaelekezwa Skype, ambayo Microsoft ilikuwa imeinunua kwa dola bilioni 8.5 mwaka 2011, nayo ikafungwa Mei 2025. Anwani yako bado ni halali hata kama mwisho wake ni hotmail.com. Majina yalibadilishwa ovyo, sioni neno la upole zaidi.

SWALI: Mimi ni mhasibu. Tarehe 12 Mei 2024, nyaya za baharini zilipopata hitilafu, ofisi yetu ilikaa kama msiba. Mshahara ulikuwa unaandaliwa, na kila kitu chetu kiko kwenye wingu. Wakubwa hao walipopanga mambo yao, walitufikiria sisi? (Mhasibu, Dar es Salaam)

JIBU: Ukiuliza kama waraka wa 2005 ulitaja Dar es Salaam, jibu ni hapana. Uliandikwa na mtu aliyeishi mahali ambapo laini ya kasi ilikuwa imeanza kuchukuliwa kama maji ya bomba. Wakati huo Afrika Mashariki haikuwa na mkongo wake wa baharini. Tulitegemea satelaiti, ghali na nzito, na mkongo wa SEACOM haukuwashwa hadi Julai 2009. Hata hivyo ulipokuja, mkongo ulitufanya tutegemee nyuzi chache, na Mei 2024 hitilafu ya mikongo ya EASSy na SEACOM kwa siku moja ilitosha kuzipunguzia kasi au kuzizima nchi kadhaa kwa pamoja.

Lakini kuna kipande cha mpango wa Microsoft ambacho wajuzi wa Marekani walikicheka, nacho kwetu ndicho chenye busara zaidi. Google walitaka kazi yote ifanyike ndani ya kivinjari, yaani programu ya kufungulia tovuti. Microsoft, kwa kuwa hawakutaka kuiua Windows, wakasema programu ibaki kwenye kompyuta na huduma iongezwe juu yake: "programu pamoja na huduma". Ilionekana kama ujanja wa kulinda mauzo, na kwa kiasi fulani ilikuwa hivyo. Ila mtu aliyewahi kukatikiwa na bando katikati ya mahesabu anajua thamani ya faili lililoko kwenye diski ya mashine yake, likingoja laini irudi ndipo lijioanishe na nakala iliyoko mbali.

Kwa hiyo ndugu yangu mhasibu, jaribuni hivi. Chagueni saa moja ya Jumamosi, chomoeni waya wa intaneti kwa makusudi, kisha kila mtu afungue faili lake la kazi. Lililogoma kufunguka halimo mezani pako. Liko ng'ambo tu. Katika mpangilio wa OneDrive, hifadhi ya mafaili ya Microsoft kwenye wingu, kuna chaguo la kuweka folda daima kwenye kifaa; folda ya mishahara iwekwe hivyo, pamoja na nakala ya tatu kwenye diski ya nje inayofungiwa kabatini. Microsoft ilifungua vituo vya data Johannesburg na Cape Town Machi 2019, ambavyo vimepunguza umbali wa data ya kampuni nyingi za Afrika, lakini kutoka Dar es Salaam hadi huko bado unapita kwenye waya ambao nanga ya meli au maporomoko ya chini ya bahari yanaweza kuukata.

SWALI: Chama chetu cha akiba na mikopo kina kompyuta sita. Kamati imegawanyika: wengine wanataka tulipie usajili, wengine tununue mara moja tumalizane. Tushaurini. (Katibu wa SACCOS, Mbeya)

JIBU: Watu wengi hawajui kwamba kununua mara moja bado kunawezekana. Office 2024, iliyotoka Oktoba 2024, inauzwa kwa malipo ya mara moja, leseni moja kwa kompyuta moja. Itasahihishwa kwa usalama hadi Oktoba 2029, lakini haitapanda kuwa toleo jipya. Msinunue Office 2016 wala 2019 hata kama fundi anawapa bei ya kutupa, kwa sababu usaidizi wake ulikwisha tarehe 14 Oktoba 2025, siku ile ile ulipokwisha wa Windows 10, na kompyuta za chama cha fedha hazifai kuachwa bila marekebisho ya usalama.

Pigeni hesabu ya miaka mitano kwa kila njia, mkikumbuka kwamba bei ya usajili hupangwa kwa dola na inaweza kupanda katikati ya safari. Usajili una faida kwenu kama wajumbe wanashirikiana faili wakiwa sehemu tofauti, au kama mnahitaji barua pepe ya chama na nafasi ya kuhifadhi nyaraka. Kama kazi ni kuandika barua, kutunza daftari la wanachama na kuchapa risiti katika ofisi moja, sioni kwa nini mlipe kila mwaka.

Kabla ya kulipa chochote, pakueni LibreOffice, programu ya kuandikia na ya mahesabu ambayo ni bure na halali, kwenye kompyuta moja kati ya sita. Fungueni kwayo nakala ya daftari la mikopo, lile lenye fomula za riba, mlinganishe jumla ya mwisho na ile ya kwenye programu mliyoizoea. Zikilingana hadi shilingi ya mwisho kwa miezi mitatu mfululizo, pelekeni karatasi zote mbili kwenye kikao kijacho cha kamati.